Stoo, Nasikiliza

Mke wangu alinijua kwa sauti miezi minne kabla ya kuniona uso. Yeye alikuwa opereta wa simu katika kiwanda cha nguo, chumba kidogo juu ya geti, na mimi nilikuwa karani wa stoo ya vipuri, upande wa pili wa uwanja, nyuma ya mashine za kufuma. Simu ikilia nilinyanyua mkono wa simu na kusema, "Stoo, nasikiliza." Wenzangu walijibu "Eeh" au "Nani tena?" Mimi nilikuwa mwaka wa tatu wa madarasa ya jioni, na mwalimu wetu alitufundisha kwamba mtu aliyesoma hujulikana kwa namna anavyoianza sentensi yake.

Siku moja, badala ya kuniunganisha na fundi mkuu, opereta aliniuliza, "Wewe Stoo, hata nyumbani kwako unaongea hivi? Kama barua yenye anwani mbili?"

Nikamjibu kwamba ndivyo ninavyoongea popote. Alicheka mpaka fundi mkuu, ambaye kumbe alikuwa kwenye laini muda wote, akauliza kama spana yake nayo inachekesha.

Katika miaka arobaini na mmoja ya ndoa hakuniita jina langu hata mara moja. Aliniita Stoo, nami nikamwita Opereta. Binti yetu alipoanza shule na kuulizwa jina la baba alijibu "Stoo", wakaandika hivyo hivyo, ikabidi niende mwenyewe nikasahihishe rejesta.

Masikio yake yalikuwa na sifa kiwanda kizima. Meneja mmoja alimpigia mara moja tu kuuliza saa. Miezi saba baadaye akapiga tena kutoka safarini, pua zimeziba, na kabla hajajitaja akaambiwa, "Pole na mafua, mkuu." Opereta hakusikiliza sauti peke yake. Alisikiliza na kilichokuwa nyuma yake. Mtu akidai yuko ofisini, yeye alijua yuko kantini, kwa mlio wa vikombe.

Macho yake yalianza kufa miaka sita iliyopita, presha ya macho, na katika mwaka wa tatu yakazima kabisa. Hatukulia sana. Kila asubuhi nilimsomea gazeti lote, kuanzia ukurasa wa kwanza hadi matangazo ya zabuni. "Ruka zabuni," alikuwa akisema. "Hatujengi barabara." Baadaye kumbukumbu nayo ikaanza kuvuja. Alisahau kama amekunywa dawa, kisha akasahau siku, kisha akasahau kwamba kiwanda kilifungwa. Lakini nikiingia chumbani na kusema neno lolote, uso wake ulitulia. Nilijua basi kwamba sauti yangu ndiyo nguzo iliyobaki katika nyumba ile, na nakiri kwamba nilijivunia jambo hilo.

Mwaka jana daktari alikuta uvimbe kwenye nyuzi zangu za sauti. Waliukata, wakakata na vingine. Nililala hospitali wiki saba, na Opereta akakaa kwa binti yetu, ambaye ni mwalimu katika mji mwingine, mwendo wa saa tatu kwa gari. Nilichorudi nacho nyumbani ni mkwaruzo. Mfikirie mtu anayeburuta gunia tupu juu ya saruji. Mwili nao ulikuwa umepungua kilo kumi na sita.

Binti alimrudisha mama yake siku iliyofuata, akamketisha kwenye kiti chake karibu na dirisha. Nilimkaribia.

"Opereta," nikasema. "Nimerudi."

Aligeuza kichwa. Hakukasirika. Alitumia sauti yake ya kazini, ile ya kuwajibu wageni.

"Samahani," akasema. "Umekosea namba."

"Mama, ni baba huyo," binti akasema. "Si nilikueleza? Alipasuliwa koo."

"Baba yako nilimjua wewe hujazaliwa. Huyu ni mzee wa watu. Mpe kiti, amechoka, nasikia anavyopumua."

Nilimpa mkono wangu aupapase. Aliupapasa kwa adabu, kidole kwa kidole, kisha akaurudisha kama mtu anayerudisha bidhaa dukani. "Mkono wa kuku," akamwambia binti. "Mume wangu ana mkono wa kubeba injini." Ilipofika jioni alikuwa ameshajipatia maelezo yanayomtosha. Mimi nilikuwa mpangaji wa chumba cha nyuma. Tangu siku hiyo akaniita Mpangaji.

Ningeweza kuishi na jina hilo. Kusema kweli, mtu huzoea. Jambo ambalo sikuweza kulivumilia ni kwamba hakula. Nilimwekea uji, mkate, yai, akavisogeza pembeni. "Namsubiri Stoo. Tutakula wote. Amechelewa kazini." Dawa alizitema kwenye kiganja na kunirudishia. Kila Jumamosi binti alikuja na mizani yake, akampandisha mama yake juu, akaangalia namba, akaniangalia mimi. Jumamosi ya tano aliniita jikoni.

"Baba, mama anakwisha. Amepungua kilo nane."

"Naziona."

"Kwangu alikuwa anakula."

"Kwako alikuwa anasubiri kurudi nyumbani. Hii ni nyumba yake, mwanangu. Vyote vya hapa anavijua kwa mkono. Ukimtoa atagonga kuta."

"Nyumba hailishi mtu, baba." Alikuwa akilia na kuosha vikombe kwa wakati mmoja, kama mama yake alivyokuwa akifanya. "Nakupa wiki mbili. Asipoanza kula nitamchukua moja kwa moja. Wewe mwenyewe hujapona. Siwezi kuja kuzika wawili."

Wiki mbili.

Ninayo kompyuta. Niliinunua nilipostaafu, nikajifunza kuchapa kwa vidole vyote kumi, maana niliona aibu kumwona mtu mzima anadonoa herufi kama kuku. Inakaa katika chumba kilichokuwa cha binti, ukuta mmoja na kile anachokaa Opereta. Fundi wangu wa kompyuta ana kibanda pale kwenye kona. Ni mtu wa makamo, mnene, mwenye maneno mengi, na hunitania kwa kuniita Profesa. Nilimpelekea shida yangu kwa kuiandika kwenye karatasi, kwa sababu kuongea kulinichosha. Aliisoma mara mbili.

"Zipo programu za kubadili sauti, Profesa," akasema. "Vijana wanazitumia kuchezea watu kwenye simu. Unaongea kama mwanamke, kama mtoto, kama zimwi. Wewe unataka ipi?"

"Sitaki zimwi," nikamwambia. "Nataka mimi."

Fundi aliikunja karatasi yangu, akaitia mfukoni.

Alinieleza kwamba ipo aina nyingine, inayojifunza sauti ya mtu fulani. Unaipa mfano, dakika kumi au zaidi, mtu huyo akiongea peke yake. Baada ya hapo, lolote utakalosema kwenye kipaza sauti, inalivika sauti ile. "Lakini sasa sauti yako ya zamani tutaipata wapi? Uliwahi kuimba?"

Sikuwahi kuimba. Ila nilikuwa na kaseti. Katika madarasa ya jioni mwalimu alitutaka tujirekodi tukisoma, tuyasikie makosa yetu, na kaseti yangu niliitunza ndani ya mfuko wa nailoni pamoja na vyeti. Somo la tisa, barua ya kuomba kazi. Somo la kumi, hotuba ya kumuaga mfanyakazi. Dakika ishirini na mbili. Fundi aliazima redio kaseti, akaisafisha kwa pamba, tukasikiliza. "Ndugu Meneja. Kwa heshima na taadhima naomba kuwasilisha kwako ombi langu." Nilikuwa na umri wa miaka ishirini na saba. Nilikaa nimeweka mikono juu ya magoti nikimsikiliza kijana yule asiye na shaka hata moja, nikamwonea wivu.

"Duh," fundi akasema. "Hata kikohozi chako kina herufi kubwa."

Maelekezo ya programu yalikuwa ya Kiingereza. Fundi alitaka kunifanyia kila kitu, nikakataa. Niliketi na kamusi siku tatu nikaandika hatua zote kwenye daftari kwa Kiswahili, kitufe kwa kitufe. Mashine ilijifunza kaseti yangu kwa siku mbili, feni yake ikivuma bila kupumzika. Tatizo likawa namna ya kuifikisha sauti kwa Opereta. Simu ya mkononi hakuipenda kamwe, alisema ni kama kuongea na sabuni. Lakini ilikuwepo ile simu nyeusi ya mezani aliyopewa zawadi kiwanda kilipoondoa chumba cha opereta. Ilikuwa kwenye meza ndogo kando ya kiti chake, haijaunganishwa popote kwa miaka mingi. Kila siku aliifuta vumbi. Fundi aliifungua tumbo, akapitisha waya chini ya mlango hadi kwenye kompyuta, akaweka na swichi ya kuliza kengele yake, akanipa na vipokea sauti vya masikioni ili nami nimsikie.

"Kuna kuchelewa kidogo," akaniambia. "Unasema sasa, inatoka baada ya sekunde mbili. Kompyuta yako ni mzee mwenzako, inafikiri kwanza."

Asubuhi ya kuijaribu, wakati Opereta yuko uani anaota jua, fundi alikaa kwenye kiti chake na mkono wa simu sikioni. Mimi nikafunga mlango wa chumba cha kompyuta na kunong'ona kwenye kipaza sauti. Nilimwuliza kama ananisikia mimi mwenyewe kupitia ukutani. Akapaza sauti kwamba hasikii mzee yeyote, anamsikia kijana mmoja tu mwenye kiburi. Tukaridhika. Hatukufikiri, hata kidogo, kuhusu seremala wa jirani ambaye asubuhi ile msumeno wake wa umeme ulikuwa ukipiga kelele mtaa mzima.

Nilipiga Jumatatu, saa nne kamili, saa ya chai kiwandani. Uji ulikuwa tayari mezani kwake. Kengele ililia. Niliusikia mkono wa simu ukinyanyuliwa kwa haraka ileile ya zamani.

"Kiwanda. Nikusaidie nini?"

"Stoo, nasikiliza," nikasema, ingawa mimi ndiye niliyepiga. Nilishindwa kufikiri jingine.

Sekunde mbili.

"Wewe mwanamume," akasema. "Uko wapi wewe?"

"Kazini. Vipuri vimeingia, magari mawili. Mkuu hataki tuondoke."

"Mkuu ana wazimu. Mwambie una mke."

"Anajua."

"Anajua nini huyo, kichwa kama birika." Alikuwa anacheka. Alikuwa anacheka na kulia, namjua. "Nimekusubiri mpaka nimekauka. Na bado unaongea kama barua!"

"Opereta, hapo mezani pana uji. Kula. Ukimaliza, meza vile vidonge viwili. Nitakaa kwenye laini."

"Nani kaupika?"

"Nimeagiza."

Akala. Nilisikia kijiko kikigonga bakuli, mara ishirini na tatu, nami nikakaa nimeziba mdomo kwa kiganja ili kijana wa kaseti asije akalia.

Tuliendelea hivyo siku hadi siku. Chai ya saa nne, chakula cha mchana, seremala akikata mbao zake. Jumamosi mizani ilionyesha kilo moja na nusu zaidi. Nilimweleza binti kila kitu na kumwonyesha daftari. Alilisoma kwa muda mrefu.

"Unamdanganya, baba."

"Simdanganyi. Maneno ni yangu, sauti ni yangu. Nani mwingine?"

"Na siku ukiugua wewe?"

"Mwache ale kwanza."

Alitazama mizani, akasema atakuja tena Jumamosi ijayo tuone.

Hapo ningetulia, mambo yangekuwa mengine. Lakini kwanza kulikuwa na uchungu ambao sikuutarajia. Mke wangu alimwambia yule wa kwenye simu mambo ambayo mimi, niliyemwosha miguu asubuhi, hakuniambia. Alimwambia ndoto zake. Alimwambia kwamba Mpangaji ananuka dawa, kwamba anatembea kama mwizi, kwamba anamwogopa kidogo.

"Mvumilie," nikasema. "Ni mtu mwema. Mruhusu akushike mkono unapoenda uani."

"Unamjua?"

"Tumewahi kukutana."

"Hm," akasema.

Na pili kulikuwa na kiburi. Nililipenda lile jambo. Nilivaa vile vya masikioni nikajisikia nikisema "Kwa hakika" na "Bila shaka" kwa sauti iliyojaa, nikasahau koo langu. Nilianza kupiga bila sababu. Saa nane mchana, saa tisa, wakati mtaa umelala na seremala amejinyoosha juu ya maranda yake. Mimi mwenyewe masikio yangu si mazuri tena, na mnong'ono wangu niliupima kwa masikio hayo.

Siku ya Alhamisi, saa tisa alasiri, nilipiga nikamwuliza leo ameshindaje.

Aliposema, alikuwa ameshusha sauti, mdomo umeukaribia kabisa mkono wa simu.

"Stoo. Mbona Mpangaji anasema kabla yako?"

Nilifunika kipaza sauti kwa kiganja.

"Nimesikia ukutani, 'Leo umeshindaje.' Kisha wewe kwenye simu, 'Leo umeshindaje.' Jana pia. Anakusomea maneno, si ndiyo? Anakusomea na wewe unarudia." Alivuta pumzi. "Usijibu. Laini si salama. Kama wamekushika, kohoa mara moja."

Tangu nipasuliwe, mate yakipita vibaya koo langu haliniombi ruhusa. Nilibana meno. Nilibana mpaka machozi yakanitoka. Kiganja kikateleza, nikakohoa. Na baada ya sekunde mbili, kwenye sikio la mke wangu, kijana wa miaka ishirini na saba alikohoa mara moja, vizuri, kwa herufi kubwa.

"Nimekupata," Opereta akanong'ona. "Usiogope. Nakata."

Jioni ile hakugusa chakula. Asubuhi ya Ijumaa kengele ililia, hakunyanyua. Nilipoingia na uji alikuwa amekaa wima, kilemba amekifunga upya, mikono mapajani.

"Mpangaji, kaa," akasema. "Tuongee kama watu wazima. Unamtakia nini mume wangu? Hana kitu. Ana vitabu na kiburi, basi. Mwachie aje nyumbani, mimi nikuachie hii nyumba, ukae mwenyewe. Sitasema kwa mtu. Mimi nimesikia siri za kiwanda kizima na sijawahi kusema."

Kesho yake ilikuwa Jumamosi, siku ya mizani. Niliona hakuna njia iliyobaki isipokuwa ukweli, na mimi maisha yangu yote nimeamini kwamba ukweli ukielezwa kwa mpangilio mzuri hueleweka. Nilimshika mkono. Safari hii hakukataa, alidhani nampeleka kwa mumewe. Nilimkalisha mbele ya kompyuta, nikampapasisha meza, kibodi, kipaza sauti, waya hadi mwisho wake. Nikauweka mkono wake kooni kwangu, juu ya kovu. Nikachomoa waya wa simu, sauti ikatoka kwenye spika waziwazi.

"Opereta," nikasema. "Humu hakuna mtu mwingine. Ni mimi."

Sekunde mbili. "Opereta," kijana akasema. "Humu hakuna mtu mwingine. Ni mimi."

Aliinamisha kichwa upande mmoja, kama alivyokuwa akifanya kazini.

"Rudia."

Nikarudia. Kijana naye akarudia.

"Tena."

Mara ya tatu aliinua kidole ninyamaze. Niliuona uso wake ukifanya kazi. Ulikuwa uso wa mtu mwenye akili timamu kabisa, mkali, kama wa miaka ile, nami nikapata matumaini.

"Nyuma yake kuna darasa," akasema polepole. "Taa inavuma. Viti. Hii ni ile kaseti, somo la tisa. Aliniwekea tulipokuwa wachumba, nikalala usingizi." Akatabasamu kidogo, kisha tabasamu likaondoka. "Ni sauti ya Stoo, lakini Stoo hayumo. Hapumui. Stoo huvuta pumzi kabla ya kuniita. Huyu anasema tu."

"Kwa sababu ni mashine. Mimi ndiye—"

"Kwa hiyo mmeniwekea mashine." Hakupaza sauti. "Mmeniwekea mashine nisijue. Nani mwingine anajua? Binti yangu anajua?"

Sikuwa nimejiandaa kwa swali hilo, na mimi si mwongo. "Anajua," nikasema.

"Basi ni kweli," akasema. "Amekufa."

Nilisema hapana. Nilisema mara nyingi, kwa koo nililo nalo, na kila niliposema, kijana wa kwenye spika alinifuata nyuma akisema hapana, hapana, vizuri sana, kama anasoma, mpaka nikaizima mashine kwa kuchomoa waya ukutani. Opereta alinipapasa bega.

"Pole na wewe," akasema. "Nimekusema vibaya. Kumbe ulikuwa unanihurumia."

Hakulia. Aliomba maji, akayanywa kutoka mkononi mwangu, mara ya kwanza tangu nitoke hospitali. Kisha akauomba ule uji, akaula wote ukiwa umepoa, akameza na vidonge. Nilikaa sakafuni karibu na kiti.

"Ulimjua?" akaniuliza.

"Nilimjua."

"Kazini?"

"Na kwingine."

"Alikuwa mtu wa namna gani? Wake za watu hawaambiwi."

Nje seremala alikuwa ameanza kazi. Ningeweza kusema lolote. "Alijivuna," nikasema.

Akacheka, akajipiga goti. "Kweli ulimjua! Na nini tena?"

Lipo neno ambalo kwa miaka arobaini na mmoja sikumwambia waziwazi, kwa kuwa niliona watu wa heshima hawalisemi, wanalionyesha. Lilinifika mdomoni. Lakini lingetoka kwa Mpangaji, kuhusu marehemu. "Alikuwa anaisubiri simu ilie," nikasema. "Siku nzima."

"Mimi pia nilikuwa nikiipiga bila sababu," akasema. "Hakujua."

Binti alipofika Jumamosi alimkuta mama yake ameshafunga begi. Mizani haikuhitajika. "Nipeleke kwako," Opereta akamwambia. "Hapa nilikuwa namsubiri baba yako. Sasa namsubiri nani?" Binti alinitazama juu ya kichwa cha mama yake. Nilimtikisia kichwa asibishane. Nililibeba begi hadi garini mimi mwenyewe. Nilimwuliza kama ataichukua ile simu nyeusi, akasema iacheni, hakuna wa kupiga.

"Mpangaji," akaniita gari likiwa tayari limewashwa. "Mvua ikija funga dirisha la jikoni. Lina kitasa kibaya, unalisukuma kwanza."

Kitasa kile nilikifunga mimi, mwaka binti alipozaliwa.

Wiki tatu zimepita. Binti ananiambia mama anakula vizuri, amepata kilo tatu, anagonga kuta lakini anajifunza. Nimemshukuru. Gazeti bado linaletwa asubuhi. Nalisoma kimya kimya, naruka zabuni.

Jana saa nne simu yangu ya mkononi ililia jikoni. Ilikuwa binti. "Baba, mama anataka kuongea," akasema.

"Na nani?"

Nilisikia simu ikibadilisha mikono, kisha pumzi yake, ile ninayoijua.

"Halo," nikasema. Neno moja tu.

"Ah, Mpangaji!" akasema hapo hapo, bila kusita hata nusu sekunde. Masikio yale hayajaharibika. "Umeshakula?"

"Bado."

"Kula. Mtu hawezi kukaa anasubiri tu." Kisha akauliza, "Upo kwenye laini?"

"Nipo. Nasikiliza."

Niliushika ukingo wa meza.

"Marehemu mume wangu alikuwa anajibu hivyo," akasema. "Lakini yeye alikuwa na sauti."